Joka la Majira na Yai la Bi Kanga

Paukwa!

Pakawa!

Mbona mmeitika kama mmefunga toka juzi? Paukwa!

Pakawaaa!

Sasa nimesikia. Na nyie kina mama wa huko nyuma, acheni kunong'ona. Ya jirani tutayarudia baadaye, hata mimi ninayo yangu.

Hapo zamani za kale, wanyama walipokuwa na adabu kutushinda sisi, kila bonde lilikuwa na joka lake. Si joka la nyama na damu. Joka la chuma! Tumboni magurudumu, shingoni minyororo, masikio ya shaba, mkia umejiviringa kama kamani ya saa. Yakiitwa Majoka ya Majira. Joka likizunguka, ka-chi, ka-chi, ka-chi, jua linakwenda, mahindi yanakomaa, watoto wanakua, wazee wanazeeka. Joka likisimama, vyote vinasimama.

Kulisimamisha ni kazi ndogo. Unaliambia, "Simama." Kuliendesha tena, unaliambia, "Haya." Basi. Ila lilikuwa na sharti lake: aliyelisimamisha ndiye wa kuliruhusu. Wengine mtasema mpaka koo zikauke, halisogei.

Katika bonde moja alikuwapo Bi Kanga, mjane, mwenye madoadoa yake mazuri. Alitaga mayai mengi mwaka ule. Kenge akaja, akala. Akarudi, akala. Likabaki moja. Bi Kanga akalilalia lile moja, hali, hanywi, hana habari na mtu. Mpaka mchana mmoja akasikia ndani ya yai: ko! ko! ko!

"Mama," sauti ikaita, "nitoke?"

"Toka, mwanangu! Toka, baba!"

Ko! ko! Halafu kimya.

"Mama, hapatoboki."

Bi Kanga akainua kichwa. Jua liko utosini. Akangoja. Jua liko utosini. Kivuli chake kimejificha chini ya miguu, hakitoki. Akatega sikio. Ile ka-chi, ka-chi ya mlimani, hakuna.

Loo! Kumbe Mfalme Simba amelisimamisha joka.

Na kwa nini? Msimtukane kwanza, ngojeni. Simba alikuwa anakula nyama, jino lake likang'oka, to! Likabaki kwenye mfupa. Akalitazama. Akamkumbuka baba yake, alivyolala kibogoyo, nzi wakimtembelea usoni, asiwe hata na nguvu ya kuwafukuza. Akaogopa. Mfalme mzima akaogopa! Akalipigia joka kelele, "Simama!" Likasimama.

Basi bonde likawa vile. Miguu inatembea, midomo inasema, maana midomo nani angeiweza? Lakini hakuna kinachokua, hakuna kinachoiva, hakuna kinachokwisha. Kwa kina Nguruwe kulikuwa na harusi. Pilau iko motoni, mchele mgumu kama changarawe. Bwana Fisi kakaa mbele ya sufuria, udenda unamtoka.

"Jamani, pilau vipi?"

"Bado."

"Na sasa?"

"Fisi, utatutoa roho!"

Wanyama wakashauriana: Simba atafanywaje hata alitaje lile neno? Sungura akajigamba, "Niachieni mimi." Akaenda, akazungumza na Simba hili na lile, akainuka kuaga. "Kwaheri, Mfalme." Si mnajua mtu akiagwa hujibu nini? Simba akamtazama kwa jicho moja. "Mmh," akasema. Sungura akarudi masikio yamelala. Fisi naye akaenda. "Mfalme, twende harusini, pilau inatungoja." Simba akasema, "Naam, nenda." Hajinasi! Neno lile amelifungia kinywani kama mchawi na tunguri lake.

Bi Kanga hakujua habari za mitego. Alilifunika yai kwa majani, akapanda mlimani kwa joka.

"Shikamoo, Joka."

"Marahaba, Bi Kanga." Sauti ilikwaruza kama bawaba kavu ya mlango. "Umekuja kunilaumu?"

"Nimekuja kukuomba. Mwanangu yuko mlangoni, hatoki."

"Namsikia. Masikio haya yanasikia bonde zima. Anagonga, nami meno ya magurudumu yananiuma kwa kuuzuia mzigo huu. Ndugu zangu wa mabonde mengine wanazunguka, mimi nimekwama kama mwiba kooni. Ningeweza, ningekwenda. Lakini siendi bila neno lake."

Bi Kanga akalia. Joka nalo likalia, machozi ya mafuta, dondo, dondo.

Akashuka mbio mpaka kwa Simba. Hakubisha hodi. Hakuamkia. Akapiga magoti vumbini.

"Mfalme, mwanangu ananiita. Yuko hai, ana sauti, ananiuliza atoke lini. Nimjibu nini?"

Simba akageuza uso. "Mwambie avumilie."

"Mpaka lini?"

"Kwani wewe Kanga una haraka gani? Yai ni yai. Huko ndani hana njaa, hana kenge. Mimi nikiachia, nakufa. Nenda zako, utataga lingine."

Utataga lingine! Mnasikia, kina mama?

Bi Kanga akasimama. Manyoya yakamsimama. Kandege kale, mbele ya simba, akamwonyesha kwa bawa.

"Mzee mzima! Manyoya yamekuwa meupe kidevuni, umejibanza nyuma ya mtoto ambaye hata jua hajaliona! Simba, huna haya!"

Sauti yake ikafika mpaka harusini. Fisi akasahau sufuria.

Simba akaruka juu. "Mimi? Mimi mwana wa wafalme, mjukuu wa wafalme, nikose HAYA?"

Ka-chi.

Mlimani. Ka-chi, ka-chi, ka-chi!

Wako wasemao Bi Kanga alilipanga neno lile. Mimi nasema hakupanga. Alikasirika tu, na mama akikasirika kweli, ulimi huiona njia kabla ya macho.

Jua likateleza. Vivuli vikatoka miguuni. Pilau ikanukia, Fisi akaimba. Bi Kanga hakungoja hata kuliwa, akapaa, purrr! Alipofika kwenye yai, paa! Ganda likapasuka. Kifaranga kikatoka, kimelowa, kinatetemeka, miguu haijui iende wapi.

Simba naye alimfuata kwa hasira, ananguruma. Kifaranga kikamwona. Hakikujua mfalme wala mtumwa. Kiliona manyoya mengi ya joto tu. Kikajikokota, Simba alipoinama kikaingia kwenye manyoya ya kidevu chake, kikajikunyata humo, kikafumba macho.

Bi Kanga akasimama palepale, mabawa wazi.

Kutoka mlimani sauti ikakwaruza, "Mfalme, nisimame tena?"

Jino jingine likamdondoka Simba, to! Hakulitazama.

"Nyamaza wewe," akanong'ona. "Utamwamsha."

Basi wajukuu zangu, na nyie wakubwa mnaojifanya hamsikilizi: anayezuia siku zake zisiishe, anazuia na za watoto zisianze. Umri ni njia ya kupishana. Ikifika zamu yako, mpishe mwenzio.

Hadithi yangu imekoma papo hapo, nami nimekoma nayo. Tamu, meza. Chungu, mpelekee jirani.