Kimburu na Kisima Asichokichimba

— Ninayo, ninayo!

— Tupe, tupe!

— Ni ya kweli?

— Hata ya uongo, tupe!

Haya, kaeni vizuri. Na wewe unayetafuna muwa, tafuna polepole, ngano hii haitaki kelele. Nilisimuliwa na shangazi yangu Mwasiti, na Mwasiti alikuwa hapendi kukatizwa. Nami nimerithi.

Hapo kale, kale ya kale, wanyama walipokuwa wakisalimiana kwanza ndipo walane, kulikuwa na bonde moja. Mwaka huo mvua ilikataa kabisa. Mto ukakauka, vidimbwi vikakauka, hata tope likakauka likapasukapasuka.

Katika bonde hilo aliishi Kimburu. Mnamjua kimburu? Ni paka wa porini, ndugu yake huyu wetu wa jikoni, ila yeye hajui kulialia chini ya meza. Alikuwa na watoto wawili wachanga, akiwanyonyesha ndani ya pango dogo la mawe.

Basi Mzee Ngiri, mkubwa wa bonde, akaitisha baraza.

"Jamani, tutakufa," akasema. "Tuchimbe kisima pale mtoni. Atakayechimba, atakunywa. Asiyechimba, asisogee."

"Tuchimbe!" wakaitikia wote. Swala akaitikia, Fisi akaitikia, kila mwenye kwato na mwenye kucha akaitikia. Kimburu peke yake alikaa kimya, anajiramba mguu.

"Na wewe je, dada?" akauliza Ngiri.

"Mimi sina haja ya kisima, mzee. Maji yangu nayala."

"Unayala?"

"Nayala. Nikila panya, nimekula na nimekunywa."

Lo! Baraza zima likaangua kicheko. Fisi alicheka mpaka akakaa chini. Kimburu akaona wanamdharau, akaongeza neno ambalo halikutakiwa.

"Chekeni," akasema. "Kuinama na kunyonya tope ni kazi yenu. Mimi sikuumbwa hivyo."

Neno hilo liliwachoma. Alisema kweli, lakini aliwatupia ile kweli usoni, na mtu aliyetupiwa kitu usoni hana muda wa kutazama ni kitu gani. Wakamwekea kinyongo.

Wakachimba. Siku ya kwanza wakachimba, wakapata vumbi. Siku ya pili wakachimba, wakapata mchanga wa baridi. Siku ya tatu wakachimba, wakapata maji! Wakacheza, wakakumbatiana, hata Swala akamkumbatia Fisi, akashtuka, akarudi nyuma.

Ngiri akapanga zamu za ulinzi. Swala alinde asubuhi. Fisi alinde usiku.

"Na mchana, mzee?"

"Mchana jua kali, wanangu. Nyie laleni kivulini. Nitalinda mimi."

"Ee, mzee ana huruma!" wakasema. Wakaenda kulala.

Lakini jioni ikifika, maji yamepungua. Wakasema, tunakunywa mno, kila mmoja anywe mara tatu tu. Jioni, maji yamepungua. Wakasema, kila mmoja anywe mara moja. Jioni, maji yamepungua tena.

"Kuna mwizi," akasema Fisi. "Na mwizi mnamjua. Hakuna kiumbe asiyekunywa maji. Kimburu hakuchimba, na Kimburu hajafa. Sasa huyo anakunywa wapi?"

 Wakafikiri. Wakaona Fisi ana akili. Siku Fisi akionekana ana akili, jueni kiu imewazidi watu.

Wakaenda pangoni wote. Ngiri akasimama mlangoni.

"Dada, unasema hunywi maji. Haya, tukupime. Tutaziba mlango kwa jiwe, ukae humo siku tatu na wanao. Chakula tutakuletea, sisi si makatili. Maji hatutakupa. Usipoomba maji, umesema kweli. Ukiomba maji, wewe ndiye mwizi, na utahama bonde hili."

 Nje ya bonde kulikuwa na mbuga tupu, haina jiwe wala kichaka, na juu yake tai wanazunguka mchana kutwa. Watoto wale wachanga wasingefika hata nusu ya njia.

"Nileteeni panya basi," akasema Kimburu.

"Tutakuletea chakula," akasema Ngiri. "Usituchagulie."

Jiwe likasukumwa. Giza.

Siku ya kwanza akaja Swala, akapenyeza majani mabichi kwenye ufa. "Kula, dada. Nimeyafuata mbali, nimewanyima hata wanangu." Na kweli aliwanyima. Kimburu akayanusa, akamshukuru, hakuweza kuyala.

Siku ya pili akaja Ngiri na mizizi. "Kula. Hii ina maji tele, ndiyo inayonipa nguvu." Kimburu akaing'ata, akaimeza kwa shida, akaitapika. Maziwa yake yakaanza kupungua.

Siku ya tatu akaja Fisi na kipande cha ngozi ya nyumbu, ya tangu mwaka jana, kigumu kama ubao. "Hii ni nyama," akasema. "Huwezi kusema si nyama."

Ilikuwa nyama, sikatai. Lakini jua lilikuwa limekwisha kuinywa yote, halikumbakishia Kimburu hata tone. Akaila kwa ajili ya wanawe. Akatafuna, akatafuna, ulimi ukakauka, koo likamwasha. Jioni watoto wakanyonya, hakuna kitu. Wakanyonya tena, hakuna. Wakaanza kulia kwa sauti nyembamba ile, mnaijua, ya kitoto kilichochoka.

Majivuno yote yakamtoka. Akaweka mdomo kwenye ufa.

"Maji! Jamani, naomba maji! Tone moja tu, wanangu wanakufa!"

"Mmesikia?" akapiga kelele Fisi. "Mmesikia wenyewe?"

Jiwe likaondolewa. Kimburu akatoka akiyumba, mtoto mmoja mdomoni, mwingine anamburura kwa mguu. Baraza limejaa.

"Umejihukumu kwa kinywa chako," akasema Ngiri. "Hama."

"Hodi barazani," ikasema sauti ndogo.

Wakatazama huku, wakatazama kule. Wakatazama chini. Alikuwa Panya, amesimama kwa miguu miwili, anatetemeka mpaka masharubu.

"Wewe?" akasema Swala. "Umekuja kumcheka adui yako?"

"Nimekuja kumtolea ushahidi," akasema Panya. "Kaka yangu kaliwa na huyu. Mama yangu kaliwa na huyu. Kabla tu ya kufungiwa kamla shangazi yangu. Nani anamjua kuliko sisi? Usiku na mchana kazi yetu ni kumtazama. Sijamwona hata siku moja kisimani kwenu. Alfajiri huramba umande kwenye majani, mara mbili, mara tatu, basi. Maji yake ni sisi. Sisi wenyewe, tukiwa wabichi. Mmempa ngozi ya mwaka jana, halafu mnashangaa anaomba maji? Hata ningekuwa mimi ningeomba."



"Lakini, mama," akasema Swala kwa upole, "si ungenyamaza tu? Angehama, ukapona."

"Nimelifikiri hilo siku tatu," akasema Panya. "Nililitamani, sitawaficha. Ila na sisi panya hatukuchimba. Sisi hunywa umande na mizizi, inatutosha. Leo mkimfukuza huyu kwa kuwa hanywi kama nyie, kesho mtaziba shimo langu. Na maji yatazidi kupungua, maana mwizi mnaye hapa hapa."

"Nani?" wakapiga kelele.

"Tazamaneni migongo."

Wakatazamana. Swala mgongo vumbi. Fisi mgongo vumbi. Wote vumbi tupu, utadhani wametoka kusaga unga. Wakamtazama Mzee Ngiri. Mgongo wake mweusi, una tope bichi, linamdondoka mpaka mkiani.

"Mimi sikunywa!" akasema Ngiri haraka. "Nilijilaza tu kidogo, mchana, jua likizidi. Tulikatazana kunywa, hatukukatazana kuoga!"

Mnaona? Kila mchana wenzake wamelala kivulini wakimsifu, yeye kajitumbukiza kisimani, akitoka anaondoka na maji yao mgongoni. Walimhukumu achimbe kisima cha pili peke yake, akiwa amepiga magoti. Ndiyo maana mpaka leo ngiri akichimba, hupiga magoti.

Swala akamsogelea Kimburu, machozi yanamtoka. "Nisamehe, dada. Nilidhani nakupa kitu kizuri."

"Ulinipa," akasema Kimburu. "Kilikuwa kizuri kwako. Nami ningewaeleza vizuri siku ile, badala ya kuwatukana, pengine mngenisikia."

Baraza likatawanyika. Wakabaki wawili pale mlangoni, Kimburu na Panya.

Sasa fikirini wenyewe. Kimburu siku tatu hajala cha kumshibisha. Wanawe wanalia nyuma yake. Na mbele yake, hatua moja tu, kuna chakula na maji, vyote pamoja, vimesimama kwa miguu miwili. Panya akageuka akimbie.

Kimburu akamwekea kiganja juu. Panya akafumba macho.

Kimburu akainua kiganja. "Nenda."

Panya akakimbia. Watoto wakalia. Kimburu akaruka, akamdaka.

Akamwachia tena. "Nenda."

Panya akakimbia. Watoto wakalia. Kimburu akaruka, akamdaka. Sasa naye machozi yanamtoka.

"Nenda!" akasema mara ya tatu. "Nenda upesi, kabla sijawasikia tena!" Akaziba masikio kwa mikono yake yote miwili, na Panya akazama shimoni. Jioni ile Kimburu alikwenda mbali sana kuwinda, akarudi na mjusi, na maziwa yakarudi.

Ndiyo maana mpaka leo paka akimkamata panya humwachia, akamdaka, akamwachia tena. Watu husema anacheza. Hachezi. Anakumbuka wema, kisha anakumbuka kiu.

"Bibi, mwishowe hushinda kipi?"

Nilisema sipendi kukatizwa. Lakini umeuliza vizuri. Kamuulize panya, kama utampata.

Basi jifunzeni hili: usimpime mwenzio kwa tumbo lako. Kinachokushibisha wewe chaweza kumuua yeye, hata ukimpa kwa mapenzi. Na ukiwa na kweli, iseme kwa adabu, ili wenzako waweze kuipokea.

Ngano yangu naitua hapa. Tamu yake ichukueni nyote, chungu yake niachieni mimi niliyeileta.