Rufaa ya Mzee Fisi

Paukwa!

Pakawa!

Pakawa na shule mbili, moja ya mabati, moja ya nyasi!

Tupe zote mbili!

Nawapa. Lakini wewe unayetafuna muwa, tafuna polepole, maana leo kuna kesi.

Shule ya mabati ilikuwa ya Mzee Fisi. Shule ya nyasi ilikuwa ya Mwalimu Kindi, ambaye ukimwondoa mkia habaki mtu. Siku ya mashindano ya nyimbo za wanafunzi, mwamuzi alikuwa Kobe. Kobe akaning'iniza kibuyu chenye tundu, maji yakadondoka, to! to! to! Maji yakiisha, anagonga kengele, nge! Anayeendelea kuimba baada ya hapo anakatwa alama tano.

Wimbo ulitakiwa kuwa wa kutunza miti. Watoto wa Kindi wakaimba miti, wakamaliza, wakashuka. Watoto wa Fisi wakaimba miti ubeti mmoja, na sifa za Mzee Fisi beti saba. Nge! Wao bado wanamsifu. Wakakatwa alama tano, na kombe likaenda shule ya nyasi, pamoja na safari ya kuimba kwenye tamasha la Ziwani keshokutwa.

Fisi akatoka mbio mpaka mahakamani, vumbi nyuma tifu! tifu! tifu!

"Mheshimiwa Tembo, nimeonewa! Kibuyu cha Kobe kina tundu kubwa, mkono unapita!"

Jaji Tembo akakanyaga chini, ndi! "Kombe libaki hapa. Asiende mtu Ziwani mpaka niisikilize kesi hii, baada ya mvua."

Baada ya mvua! Tamasha litakuwa limeshakwisha. Watoto wa Kindi, waliokwisha kufunga vifurushi vyao, wakaangua kilio. Mimi jambo hili linanikera mpaka leo.

Kindi hakulia. Akaenda mahakamani, akainama mpaka mkia ukamfunika kichwa.

"Mheshimiwa, mzee wangu Fisi anasema kweli. Basi auimbe mwenyewe wimbo ule ule, hapa hapa. Achague kibuyu akitakacho, atoboe tundu alitakalo. Akimaliza kabla ya kengele, kombe na safari ni vyake. Kengele ikimtangulia, rufaa imekwisha."

"Nakubali!" akasema Fisi, mate yanamtoka.

Jaji naye akakubali. Fisi akaleta kibuyu kikubwa kuliko tumbo lake, akakitoboa tundu la sindano. To... to... to...

Fisi akaimba miti harakaharaka, akafika kwenye jina lake.

"Nani katujengea? Fisi!"

Kindi akaruka na vigelegele. "Lololololo! Rudia hapo, mzee wangu!"

Fisi akarudia.

"Nani mwenye mabati? Fisi!"

"Lololololo! Rudia hapo, mzee wangu, wa nyuma hawakusikia!"

Fisi akarudia mara mbili.

"Nani mzuri wa meno? Fisi!"

"Lololololo! Rudia hapo, mzee wangu, Mheshimiwa naye afaidi!"

Fisi akarudia, akarudia, akafumba macho, akaongeza beti ambazo hata wanafunzi wake hawakuwahi kufundishwa. To... to... to.

Nge!

"Nani..." Fisi akaendelea.

"Kengele hiyo, mzee," akasema Jaji Tembo.

"Ngoja kwanza, bado ubeti wa masikio!"

"Rufaa imekwisha. Na mahakama inakukata alama tano."

Watoto wa Kindi wakabeba kombe lao, wakaenda Ziwani wakiimba njia nzima. Huko wakawa wa pili. Kindi akatazama karatasi ya alama, akaitazama tena, akauliza mahakama ya huko iko wapi.

Basi wanangu, fundisho la leo ni hili: wasifuni wakubwa wenu kwa moyo wote, wala msichoke. Kindi alimsifu mkubwa wake, na mmeona alivyofanikiwa.

Nge! Maji ya kibuyu changu yameisha. Mwenye rufaa ampelekee Tembo, baada ya mvua.