Kindi Aliyeshusha Bei ya Umeme

Hapo zamani za kale, wanangu, wanyama walipokuwa na nyumba na nyumba zilipokuwa na taa, umeme wote ulitoka kwa Kiboko. Alikanyaga gurudumu kubwa maporomokoni, chwaa! chwaa! Kule kwenye mawe hapaoti nyasi, kwa hiyo kila nyumba ilimlipa mahindi matano kwa siku, na hayo ndiyo yaliyokuwa chakula chake.

Hadithi hii huwa naikatisha pale mnapocheka. Leo nitaimaliza, ingawa naona haya.

Kindi, mkazi wa bondeni, alichoshwa na yale matano. Akaenda kwa Nyati, mkuu wa Baraza la Bonde.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Sema."

"Hivi bei ya umeme hapa kwetu hupangwa na nani? Tembo anasema wewe huwezi kutunga sheria hata ya kibatari."

"Ati nini? Mfff! Bonde ni langu! Kuanzia leo ni mahindi matatu!"

Kindi mbio, pu-pu-pu, mpaka kwa Tembo, mkuu wa Baraza Kuu la msitu mzima.

"Babu, Nyati katunga sheria. Matatu! Anasema sheria yako ya matano imefutwa."

"Imefutwa na nani? Sheria ya msitu iko juu ya sheria ya bonde! Andika mawili!"

Kindi akarudi kwa Nyati. "Hindi moja!" Nyati akafoka. Kindi huyo tena kwa Tembo.

"Bure!" Tembo akanguruma. "Tuone atashuka mpaka wapi!"

Lo! Vigelegele bonde zima. Kindi akabebwa juu juu, akijisifu, "Wakubwa wawili, nimewachezesha ngoma yangu!"

Hapa ndipo huwa naishia.

Lakini hakuna aliyemuuliza Kiboko. Siku ya nne, chwaa ikawa ya kujivuta. Siku ya tano, kimya. Puf! Taa zikazimika.

Jirani wa Kindi alikuwa Mama Kwale. Alivunjika mguu, hakuweza kuatamia, akayaweka mayai yake tisa kwenye boksi chini ya taa. Sasa mayai yakaanza kupoa.

Kindi akakimbilia kwa Tembo. "Babu, umeme!"

"Aliyeanza kushusha ni Nyati. Kamuulize yeye."

Nyati naye akageuza uso. "Sheria ya bure ni ya Tembo. Mimi simo."

Wale wale waliogombania sheria, sasa kila mmoja anaikana! Kindi akabeba mahindi ya ghalani kwake, akapanda maporomokoni peke yake. Kiboko alikuwa amelala kwenye mawe, mbavu zinahesabika.

"Kumbe njia ya kuja kwangu unaijua," akasema. Akala, akainuka, chwaa, chwaa.

Yakaanguliwa mayai mawili tu.

"Ahsante, jirani, kwa kunihangaikia," Mama Kwale akamwambia, na alishukuru kwa moyo mweupe. "Na ile ya bure, ilikuwa nia njema."

Afadhali angemtukana! Kindi akakosa pa kuuweka uso. Ndiyo maana hata leo akikuona huzunguka nyuma ya mti. Nami niliyewachekesha miaka yote hiyo kwa nusu ya hadithi, ningekuwa na mkia ningejifunika.

Basi shikeni hili, wanangu: cha bure hulipiwa na yule ambaye hakuulizwa.