Ngano ya Wajane wa Bandarini

Wametusimulia waliotutangulia, Allah awarehemu, kwamba katika mji mmoja wa bandari huko Yemen palikuwa na ada njema: nafaka inayomwagika wakati wa kupakua merikebu haiokotwi na mwenyewe. Ni haki ya wajane. Mahamali wakimaliza kazi, wajane huingia na fagio zao, wakafagia gati, wakapepeta, wakaenda kupika.

Mmoja wao alikuwa Bi Rayhana, mama wa mayatima watatu. Msimu ule ngano ilimwagika kwa wingi, naye akimshukuru Mola wake kwa kila kibaba. Siku moja aliwahi kufika, kabla mahamali hawajamaliza kazi. Hamali alikuwa akichana gunia kwa kisu, taratibu, huku akivuta uradi, akimtaja Mola. Naye alikuwa Suhayl, kaka yake wa tumbo moja, mtu asiyekosa safu ya kwanza msikitini!

"Kaka! Nini hiki?"

"Punguza sauti, dada. Bwana Mundhir ana merikebu nzima, hata hajui. Nawalisha wanao, nami nachuma thawabu."

"Thawabu?" Bi Rayhana alishika kichwa. "Subhanallah! Mwezi mzima unawalisha wanangu wizi, nami nakushukuru!"

Alirudi nyumbani akaitia kapuni ngano yote iliyokuwamo, wala hakubakisha hata ya uji wa jioni. Watoto wakalia, naye akalia. Kisha akajitwika kapu hadi kwa Bwana Mundhir, mwenye mali.

"Bwana, ngano hii haikumwagika. Imemwagwa kusudi. Tuliyokwisha kula, sina cha kuirudishia."

Bwana Mundhir akamsaidia kulitua kapu.

"Mama, mipasuo ya kisu naijua. Niliiona tangu gunia la kwanza. Nikasema, maadamu wanakula mayatima, ewe Mola nipokelee. Mliyokula ni halali yenu, na hii rudi nayo. Ila huyo aliyechana, mwambie sadaka hii ina mwenyewe. Yeye alichobakiwa nacho ni kisu."

Suhayl alipofikishiwa maneno hayo, aliketi pale pale gatini mbele ya mahamali wenzake, akalia kwa sauti.

Ndugu zangu, tumche Allah. Wangapi miongoni mwetu tunagawa vya watu, kisha tunanyoosha mikono kuomba malipo?