Neno Lililomtoa Kiboko Bwawani

Paukwa!

Pakawa!

Pakawa na nini?

Pakawa na kiu, jamani! Kiu ya kukausha mate. Mvua ilikatika, mito ikakauka, likabaki bwawa moja tu, na ndani yake kalala Kiboko.

Kiboko alikuwa ameokota ukurasa wa kamusi ya Kiingereza, ulioangushwa na watalii. Ukurasa mmoja tu! Basi akajifanya mwalimu wa nyika nzima.

Akaja Pundamilia, tapu tapu tapu.

"Soma!" akafoka Kiboko. Neno ukurasani limeandikwa quay.

"Kwa-yi."

"Mjinga! Hutamkwa kii. Maana yake gati la meli. Hupati maji!"

Pundamilia hajaona meli tangu azaliwe. Akarudi na kiu yake.

Akaja Nyati, ti! ti! ti!

"Soma!" Limeandikwa queue.

"Kwe-u-e-u-e."

"Mjinga! Hutamkwa kyuu. Maana yake foleni. Hupati maji!"

Herufi tano, nne zimekaa bure! Hiyo ni haki?

Akaja Mama Swala na mwanawe. Naye akashindwa. Mtoto akaanguka kwa kiu, pu! Wanyama wakainamisha vichwa. Kila mmoja alijiona mjinga kweli.

Kindi hakuona haya. Aliona hasira.

"Maji ya Mungu yana mtihani?"

Akakimbia, chaku chaku chaku, hadi kambi ya watalii, akachungulia kamusi nzima mezani, akarudi na neno moja.

"Shikamoo, mwalimu. Kuna neno limenishinda: abdicate."

Kiboko hakuwahi kuliona. Lakini mwalimu atasemaje hajui?

"Abdikeiti! Nalijua tangu utotoni! Maana yake mimi ndiye mkubwa kuliko wote!"

"Ehee! Basi watangazie, mwalimu."

Kiboko akapanda ukingoni, akavimba: "Sikilizeni! Mimi Kiboko, ai abdikeiti!"

"Mmemsikia?" Kindi akaruka. "Maana yake amejiuzulu! Kamusi ndiyo inasema. Bwawa halina mwenyewe!"

"Mwongo!"

"Mwalimu, si umesema unalijua tangu utotoni?"

Kiboko akisema hajui, aibu. Akisema anajua, amejiuzulu. Nyati hakungoja jibu, akajitosa, chubwi! Wote wakafuata, wakampisha mbele mtoto wa Swala. Akanywa, gubu gubu gubu, mpaka masikio yakasimama.

Funzo lake ni hili, wanangu: mkubwa akikunyima maji kwa neno la kigeni, mheshimu, tulia, ufe na adabu zako.

Ngano yangu naitua hapa. Ikikukolea, ondoka nayo. Ikikukera, kamlalamikie Kindi.