Walioshiba Shambani kwa Mwanjaa

Kabla sijasimulia, nitubu: niliwahi kula chakula cha ujima wa watu, kisha nikashika kiuno nikarudi nyumbani kulala. Mungu anisamehe. Basi hawa nitakaowasema nawajua kwa ndani.

Hapo zamani Mwanjaa, mjane wa watoto wanne, aliita ujima, majirani waje kumlimia. Shamba lake lilikuwa moja tu, na mawingu yalikwisha kutanda. Desturi yajulikana: watu hulima kwanza, hula baadaye. Akachinja mbuzi wake wa pekee, akapika wali.

Wakaja wanaume watatu, majembe mabegani, macho jikoni.

Semboja, fundi wa dua, akasema, "Shemeji, dua ya tumbo tupu haifiki mbali."

Mwanjaa akaona haya. Mwaka uliopita walimwita mchoyo. Akapakua. Wakala mpaka wakalamba vidole. Ndipo Semboja akaomba dua: akawaombea walio hai, akawaombea wafu, akamwombea na ng'ombe wa mjomba wake, mpaka jua likawa kali.

Kihiyo akashika kamba agawe ngwe, kila mtu na kipande chake cha kulima. Akapima, akafuta, akapima tena, mradi visiki visiwe kwenye ngwe yake.

Mbelwa peke yake ndiye aliyelima. Alipofika nusu ya ngwe akageuka, akawaona wenzake wamelala kivulini, kofia usoni. Akatupa jembe. "Mimi si punda wa mtu."

"Kesho, shemeji," wakamwambia, wakaenda zao.

Jioni mvua ikashuka. Kesho yake kila mtu alikuwa shambani kwake. Mwanjaa akalima alichoweza, magugu yakala kilichobaki. Akavuna kikapu kimoja.

Jumbe, mkuu wa kijiji, akawaita wote wanne, akaamua: mmoja wao atawalisha watoto wale mpaka mavuno mengine.

"Mimi niliomba, na mvua ikaja," akasema Semboja. "Mwataka nini tena?"

"Mimi nilipima," akasema Kihiyo. "Shamba lisilopimwa halilimwi."

"Mimi nililima," akasema Mbelwa.

"Ukaacha," Mwanjaa akamjibu. "Hawa sikuwatarajia. Wewe nilikutarajia."

Semboja akacheka. "Na wewe, shemeji, nani alikutuma kupakua kabla jembe halijagusa udongo? Ulinunua sifa kwa mbuzi."

Mwanjaa akatazama chini, maana ilikuwa kweli. Kisha akasema, "Kwa kosa langu nalala na njaa. Nyinyi kwa lenu mwalala na nini?"

Je, nani awalishe watoto wale: mwomba dua, mpimaji, mlimaji aliyeacha, au mama yao? Naomba mmtaje mmoja kwa jina. Msiniambie wote.