Mstari wa Fisi

Mwaka huo mvua ilinyesha kwa wengine, na kisima cha mwisho mbugani kikabaki tope. Simba akaamuru wanyama wote wahame. Yeye mwenyewe hakujua mto uko wapi, lakini aliona haya kusema, akampa Fisi kazi ya kuongoza.

"Mto naujua," alisema Fisi. "Masharti ni mawili tu. Hakuna kutoka mstarini, na hakuna kusimama. Atakayeanguka aachwe, mimi nitabaki kumhudumia."

Wakaenda siku ya kwanza, ya pili, ya tatu. Hakuna aliyeulizwa kama amechoka. Bibi Kongoni alipoanza kuyumba, nyumbu wawili wakambana katikati, akawa anatembea huku anasinzia. Punda Milia akambeba Kobe mgongoni na kulalamika njia nzima kwamba Kobe anamkimbiza mno. Wakacheka, wakaendelea. Hakuna aliyeanguka. Fisi, aliyekuwa akimeza mate tangu walipoondoka, akawapitisha njia ileile tena.

Siku ya nne Sungura akaona nyayo mchangani. Akamnong'oneza Fisi, "Bwana, kuna mnene mmoja ameanguka kule nyuma."

Fisi akatimka bila kuuliza ni nani.

Sungura akamwendea Simba. "Mfalme, kuna mwenzako amepita hapa."

Simba akaziangalia zile nyayo, manyoya yakamsimama. "Nani huyu mwenye miguu mikubwa kama yangu?"

"Hebu weka wako."

Simba akaweka. Ukaenea sawasawa.

"Tumezungushwa," akasema kwa sauti ndogo. "Nani anajua maji yaliko?"

"Mimi nasikia harufu yake tangu jana," akajibu Tembo. "Kushoto."

"Mbona hukusema?"

"Tulikatazwa kutoka mstarini."

Wakageuka kushoto, na kabla ya adhuhuri walikuwa mtoni, maji magotini. Fisi alifika jioni akichechemea, tumbo limeshikana na mgongo.

"Nani amewaruhusu kuacha mstari?" akafoka.

Bibi Kongoni akainua mdomo kutoka majini. "Miguu yetu, mwanangu."

Tangu hapo wanyama wale hawahami kabla ya kuulizana njia, na hata mdogo husikilizwa. Na Fisi huwekwa katikati ya nyati wawili, akapumzika pale tu wote wanapokubaliana kupumzika.